Tumbo Walilosema ni Mimba

Katesh

Baba Rukia,

Salamu kutoka nyumbani. Rukia hajambo, na duka linauza vizuri tangu ngano ya Basotu ivunwe.

Uliposikia huko machimboni kwamba tumbo langu limekua, uliniambia kwenye simu, "Aliyekupa mimba akutunze," ukakata. Leo naandika, maana barua haikatwi.

Nilimwomba mama yako anisindikize hospitali, akakataa. Nikaenda na jirani yetu Angela. Walinipasua wakatoa ute mzito kama uji, ndoo nzima. Daktari akasema, "Mama, hii ni saratani iliyoanzia kwenye kidole tumbo. Ni adimu sana. Tumeondoa yote tuliyoiona, sasa utaanza dawa."

Dawa zinanichosha na nywele zinapungua, ila dukani nasimama mwenyewe. Wanaonikodolea macho nawauliza wanataka sukari kiasi gani.

Jana mama yako alileta mtori. Nilimpa shikamoo yake, nikanywa, lakini radhi hakuniomba. Wewe utaomba. Ukija, simama mlangoni uombe majirani wakisikia, ndipo uingie. Ukishindwa, baki huko. Mimi nina kazi ya kupona.

Bado mkeo,
Shumbana