Hatuzimi Katuni Agosti Hii

Mpendwa kaka,

Ujumbe wako umefika. Mama amenipigia kutoka nyumbani Kanja akasema umekataza binti yako asitazame katuni likizo hii anayokaa kwangu hapa mtaani Majimbo, eti ameanza kuwa mkubwa. Mbona hukunipigia mwenyewe? Basi nakujibu hadharani, anayetaka kusoma asome.

Unaikumbuka ile Agosti yetu? Nje manyunyu na baridi ya mlima, sisi wawili jikoni kwa mama, laptopu ya mjomba juu ya debe la mahindi. Kwenye katuni, watoto wa Kijapani wanatokwa jasho, wanakula tikiti maji, na wadudu wao wa kiangazi wanapiga kelele bila kupumua. Mama akasema, "Hiyo kitu imeharibika, zima kabla ishike moto!" Ulicheka mpaka ukamwaga uji.

Hakuna aliyepigana kwenye hadithi ile. Ni watoto wanne tu, likizo moja, na msichana mmoja ambaye familia yake inahama. Tulikuwa tumebakiza vipindi viwili ulipopelekwa jandoni. Nilikungoja, kaka, sikuvigusa. Ulipotoka ulichinjiwa mbuzi, ukapewa chumba chako nje. Nikaja na laptopu, ukasimama mlangoni ukaniambia, "Peleka hizo vitu za watoto. Mimi ni mwanaume sasa." Iliniuma, na bado inaniuma.

Nilimalizia peke yangu. Yule msichana alikuwa na kiburi, hataki kuaga mtu. Siku ya kuondoka akarudi mbio kwa rafiki yake, akalia mbele ya watu wote, wala hakuona haya. Hapo ndipo alipokua, bila mtu kumtangaza. Mimi nami sikuchinjiwa hata kuku, lakini nilikua jioni ile, na sikulazimika kumfukuza mtu ili nikue.

Sasa unataka binti yako aambiwe kwamba kukua ni kuacha unachokipenda? Si ndani ya nyumba yangu. Tumeshaanza mfululizo uleule. Jana ameniuliza, "Anti, dadi aliwahi kuona hii?" Nikamwambia uliipenda kuliko nilivyoipenda mimi. Hakuamini hata kidogo.

Ukitaka kumzuia, usimtume mama tena. Njoo umchukue mwenyewe, mlango hatufungi. Ila ukifika utaketi katikati yetu, na hutaondoka naye mpaka kipindi cha mwisho kiishe.

Ni mimi, dada yako mkaidi.