Mzee Aliyekula Peke Yake

Mashamba ya mkonge, Tanga

Kwako dada yangu Veronika,

Shikamoo dada. Hamjambo hapo Ntalikwa, wewe na shemeji na watoto? Mwili wangu mzima, ila moyo, dada, moyo haufai.

Jumapili alikuja hapa bibi mmoja wa Kizungu na mashine ya sinema. Tukafungiwa ndani ya ghala la mkonge ili pawe giza. Picha zenyewe alizipiga peke yake, kwa kamera yake, hakutumwa na serikali. Hazina ngoma wala maneno. Kijiji kitupu, nyumba zimebomoka, halafu mzee mmoja anatoka na bakuli la ugali, anakaa pale wanaume wanapokula pamoja. Ananawa. Anaangalia njia. Hali chakula. Anaangalia tena.

Wenzangu wakaanza kelele: "Sinema gani hii! Kula bwana mzee, ugali unapoa!" Mimi nikalitambua goti lile, analolinyoosha kila akikaa tangu enzi za kubeba mizigo ya misafara. Ni baba, dada! Baba yetu, aliyekufa mvua zilizopita, nami sikuja kumzika.

Kwetu mwanamume hali peke yake. Hata mpita njia asiyejulikana huitwa, karibu chakula. Baba angemwita nani, na watu wote wamehamishwa na serikali kwa ajili ya ugonjwa wa malale? Mwishoni alimega matonge mawili tu, akafunika bakuli, akaingia nalo ndani. Basi, ikaisha.

Nikamwuliza yule bibi kwa nini mzee alibaki. Akasema, "Aliniambia mwanawe amemwandikia asihame mpaka aje."

Barua ile niliandika mimi, ukamsomea wewe. Haki ya Mungu, nilidhani watu watarudishwa upesi, nikaogopa tusije tukapoteza shamba. Kisha nikaongeza mkataba hapa, na barua ya pili, ya kumwambia ahame, sikuandika. Nilisahau, dada. Nilisahau tu!

Ulipokwenda kumchukua akiwa mgonjwa, aliniulizia? Alinilaumu? Niandikie kweli, usinifiche kwa kunihurumia. Sinema imeshapelekwa Ulaya, sitamwona tena.

Nisalimie shemeji, baba mdogo aliyechimba kaburi, na mama mdogo aliyempikia uji siku zake za mwisho. Waambie nawashukuru, na kwamba naona haya.

Ni mimi mdogo wako,
Matiasi, aliyesubiriwa.