Gauni Lako la Satini, Mama

Chumbageni, Tanga
Jumapili asubuhi

Mama yangu,

Shikamoo. Leo nakuamkia kwa karatasi. Vipi goti lako la kushoto, lile linalojua mvua kabla ya mawingu? Ng'ombe kashazaa? Na bibi, bado anagombana na kuku wanaolala jikoni? Nataka kuyajua yote hayo, na nataka uniandikie kwa mkono wako, usimtume kaka Faki, maana Faki hufupisha. Mara ya mwisho ulimpa salamu za nusu saa, akaniletea maneno mawili: "Mama mzima."

Mimi ni mzima, alhamdulillahi. Vidole ndivyo vimechakaa kwa maji na sabuni, lakini nakula, nasali, na chumba changu hakivuji.

Utauliza kwa nini barua na simu ipo. Mama, nimekupigia mara tatu tangu Ami Hamadi aniletee gauni, na mara zote tatu, nilipotaja jina la mdogo wangu Mize tu, ukasema mtandao mbaya. Mtandao wa Konde naujua, nimekulia hapo. Haukatiki kwa jina la mtu. Barua haina kitufe cha kukatia, ndiyo maana nimeichagua. Basi vaa miwani, kaa barazani, wala usimpe mtu akusomee. Herufi nimezifanya kubwa kwa ajili yako.

Nianze na kazi, maana unaijua kwa jina tu. Nakumbuka ulivyocheka nilipokwambia nimepata kazi ya kufua. "Umevuka bahari kwenda kufua? Kwani za hapa zimekwisha?" Mama, kufua kwa huku si kule kwetu Pemba kwa kupiga nguo jiweni. Mwenye kazi ni Bi Mwanahamisi, mama wa Kidigo, mkali wa ulimi na mweupe wa roho. Hapokei mashuka wala jinzi. Hupokea nguo ambazo wenyewe wanaogopa kuzigusa: satini, hariri, shifoni, mabuibui yaliyotariziwa, magauni ya maharusi. Wiki yangu ya kwanza alininyang'anya nguo mkononi mbele ya wateja. "We mwana we, wakamua nini? Hiyo satini, si nazi!" Nililia, nikajifuta, nikajifunza.

Satini haikamuliwi, haisuguliwi, na haiachwi majini mpaka watu wamalize maongezi. Unaizamisha kwenye maji ya uvuguvugu yenye sabuni laini, kidogo tu, unaibonyezabonyeza kwa viganja, unaisuuza mpaka maji yawe safi kabisa, halafu unaiviringisha ndani ya taulo ili taulo linywe maji. Unaianika kivulini, ndani nje. Pasi hupita upande wa ndani, kwa moto mdogo, na kitambaa cha pamba katikati. Ikiwa kavu ukairushia tone moja la maji, tone hilo huacha alama, na dawa ya alama hiyo ni kuilowesha nguo nzima upya.

Ndiyo maana vuli hii imetutesa. Kila tukianika, mvua. Kila tukiwasha pasi, umeme hakuna, na Bi Mwanahamisi hataki kuiona pasi ya mkaa karibu na satini kwa sababu ya majivu. Majuzi tulikaa siku mbili na magauni sita ya harusi moja yamening'inia hayakauki, wenyewe wanapiga simu hawanyamazi, na mimi ndiye wa kupokea. Siku kama hizo natamani nyumbani.

Sasa nije kwenye gauni lako.

Ami Hamadi alipovuka kuja kununua machungwa alinikabidhi mfuko, na ujumbe wako akaufikisha vilevile ulivyomtuma: "Mamako asema, tazama alichokifanya mdogo wako. Kama waweza kukitoa, kitoe." Alikuwa anatazama viatu vyake.

Mize alikwisha kunieleza upande wake kwa simu, analia. Kwamba ulifungua sanduku ili gauni lipigwe upepo kabla ya harusi yake, ukakuta madoa ya kahawia kwenye ile satini ya rangi ya malai ya maziwa uliyoivaa wewe siku ulipotolewa bibi harusi mbele ya wanawake. Kwamba ulimwambia kaiiba, kaivaa kwenye harusi ya shoga yake, kaitia jasho na sharubati, kisha kairudisha kimya kimya. Akaapa, ukamwambia asiape. Ndipo akachukua begi lake akaenda Wete kwa shangazi Bimkubwa, dada yake marehemu baba, na huko yuko mpaka leo. Ameniambia kama ni kuolewa, ataolewa akitokea huko huko. Mama, Shaabani ya harusi haiko mbali. Binti yako wa mwisho atatolewaje kwenye nyumba ya mtu mwingine, na wewe u hai?

Nililitandaza gauni mezani juu ya shuka jeupe. Sikufichi, nilipoyaona yale madoa mara ya kwanza nilisema kama ulivyosema wewe: mtoto huyu kalivaa. Nilimkasirikia hata mimi.

Lakini kazi hii imenifundisha kwamba kabla ya kuuliza doa ni la nini, uliza limekaa wapi. Jasho hukaa kwapani na shingoni. Sharubati humwagika kifuani na mapajani. Kwapani hapakuwa na kitu, shingoni safi, kifuani safi. Madoa yalikuwa mgongoni, kwenye mkono mmoja, na chini karibu na pindo kwa nyuma. Nani anayemwagikiwa na sharubati mgongoni?

Nikalikunja tena, polepole. Mikunjo yako, mama, ni ya miaka mingi kuliko umri wa Mize, na satini imeishika, huwezi kuikosea. Nilipofika mkunjo wa mwisho, madoa yote yalikuja kukaa mahali pamoja, moja juu ya jingine, makubwa tabaka la juu na madogo tabaka la chini. Nguo iliyo mwilini mwa mtu haipati doa la namna hiyo. Gauni hili lilipata madoa likiwa limekunjwa, ndani ya sanduku.

Kwenye mshono wa mkono nikakuta kitu kikavu cha rangi ya chai. Nilikiweka kiganjani, nikakitilia tone la maji, kikafunguka. Kilikuwa ua la asumini.

Usiikunje barua, mama yangu, tafadhali endelea.

Ni vikuba. Ni vile vikuba vyako, vishada vya asumini na rihani na kipande cha mkadi, unavyoviweka sandukuni kila baada ya Idi ili nguo za heshima zisikae bila harufu. Ua bichi lina maji yake. Kwenye kanga maji hayo si kitu, ukifua yanatoka. Kwenye satini yanakaa, na siku ya kwanza hayaonekani kabisa, ila kadiri miaka inavyokwenda yanageuka kahawia. Wewe ulikuwa ukifungua unaliona gauni safi, unatia vikuba vipya, unafunga. Ulikuwa unalitunza. Hakuna mtu Konde nzima aliyelitunza gauni kama wewe.

Na usidhani nakucheka. Mwaka wangu wa kwanza hapa nilifanya kosa hilohilo, tena kwa nguo ya watu. Lilikuwa gauni la bibi harusi mmoja wa Pangani. Nililifua vizuri, nikalipiga pasi, nikaona haya kulitoa bila manukato. Kwetu nguo ya harusi haitoki hivi hivi. Nikatia asumini ndani ya mikunjo, nikalifunga, nikajisifu. Wenyewe walichelewa kuja. Siku walipokuja, Bi Mwanahamisi akalifungua mbele yao, kumbe limetapakaa alama za njano.

Akaniuliza, "Nani kakufunza haya?"

Nikamwambia, "Mama yangu."

Akasema, "Basi mamako ana mapenzi, lakini mapenzi hayajui kitambaa. Ua la kichwani, ua la kifuani. Satini haiwekewi ua."

Tulilifua siku ileile, na kwa kuwa doa lilikuwa bado changa, likatoka. Mimi sikulala njaa kwa kosa hilo, wala sikufukuzwa. Niliambiwa nimekosea, nikasema kweli nimekosea, tukaendelea na kazi.

Nilipolijua la gauni lako nilimweleza Bi Mwanahamisi habari nzima. Nilidhani ataniambia nikuandikie. Wapi! Alisema, "Fua, rudisha, nyamaza. Mzazi haambiwi kakosa. Doa likitoka, na ugomvi watoka." Nikatembea na maneno hayo siku mbili, na sikufichi, yalinifurahisha, kwa sababu mimi ni mwoga kwako, hilo unalijua tangu nilipokuwa naficha daftari la skuli.

Lakini ugomvi huu hautoki kwa sabuni. Gauni likirudi safi, wewe utasema Riziki kausafisha uchafu wa Mize. Nawe kwa kuwa una huruma utamsamehe, na yeye atakaa mbele ya wanawake na gauni zuri mwilini, amesamehewa kosa ambalo hakulifanya. Mama, huo ni uzito. Atauchukua mpaka kwa mumewe, na kila akikutembelea atakuja nao. Nimeona bora unikasirikie mimi niliye mbali.

Nikwambie nilivyolifua, maana najua hilo ndilo unalolingojea. Kwanza nilichomoa uzi mmoja kwenye mshono wa ndani nikauchoma. Satini za siku hizi uzi wake huyeyuka ukawa kitone kigumu. Wa kwako ulinuka nywele zilizoungua, ukabaki majivu. Hiyo ni hariri ya kweli, mama, aliyekuletea kutoka Maskati hakukudanganya. Kwa hiyo dawa za kung'arishia nguo nyeupe sikuzisogeza hata karibu, maana huila hariri. Nililifua kwa sabuni laini, nikatia siki kidogo kwenye maji ya mwisho. Madoa madogo yakafifia. Yale makubwa nikayapitia kwa pamba na ile dawa ya maji inayotoa povu, ya kusafishia vidonda, niliyoizimua sana na kuijaribu kwanza ndani ya pindo. Nilikuwa naweka, nangoja, nasuuza, siku tatu. Mara mbili nilikimbilia kulisuuza nikidhani rangi inaondoka. Bi Mwanahamisi naye, aliyeniambia ninyamaze, alikuwa hapiti bila kuinama kutazama. "Laja," anasema, "laja hilo, usilisukume."

Yametoka yote isipokuwa moja la mgongoni, chini ya kiuno, dogo, rangi ya chai ya maziwa. Ningeongeza dawa lingetoka, na nyuzi zingetoka nalo. Nimeliacha. Mtandio wa bibi harusi utalifunika, na asiyeambiwa hataliona.

Siku za mbele usilitie sandukuni na ua wala marashi. Livishe kanga kuukuu ya pamba iliyofuliwa mpaka ikalegea, ulibadilishe mikunjo kila baada ya miezi ili lisikatike mahali pamoja. Vikuba usiviache, mimi sitaki kufungua mlango wa chumba chako nisivisikie harufu. Vitundike nje ya sanduku.

Nisalimie bibi, umwambie nakula samaki kila siku asiwe na wasiwasi na wembamba wangu kwenye picha. Nisalimie kaka Faki na mkewe. Nisalimie mwalimu wetu wa chuoni, wa Kurani, aliyenifundisha kushika kalamu, na jirani yetu mshona vikofia, mwambie uzi alioniagiza wa rangi ya zabibu nimeupata. Mke wa Ami Hamadi naye salamu, na shukrani kwa kumvumilia mumewe anayebeba mizigo ya watu wote.

Mize sikumtia humo kwa makusudi. Kama ninayoyasema sasa ni kukosa adabu, nisamehe, mimi ni mwanao na adabu hii umenipa wewe. Gauni nimelifunga vizuri na leo nimemkabidhi Ami Hamadi, aliyevuka tena, pamoja na barua hii. Barua itafika Konde. Gauni halitafika. Nimemwomba ashuke nalo Wete, alitie mkononi mwa Mize kwa shangazi Bimkubwa. Ukitaka kuliona limetokaje, itakubidi uende huko. Nenda mwenyewe, na goti lako hivyo hivyo, panda gari ya asubuhi.

Mize nimemwambia kwamba gauni linakuja na kwamba linavalika. La vikuba sijamwambia. Hilo nimekuachia wewe.

Binti yako wa kwanza, anayekupenda na kukuogopa,

Riziki