Dursun, Maana Yake Abaki

Mbuchi,
Kibiti.
11 Mei 2025

Mpendwa mwanangu Yasmini,

Assalaam aleikum. Hujambo huko Uturuki? Mkwe wangu Murat hajambo? Na huo ujauzito wako, miguu bado inavimba? Sisi huku hatujambo, alhamdulillahi. Goti tu linanisumbua nikipanda ngazi za dungu, ila mdomo wangu mzima, haujaugua hata siku moja.

Mpunga mwaka huu umekubali. Mimi na wifi yangu, mama yako, tumehamia shamba tangu mwezi uliopita, tunaamia ndege wasiumalize. Yeye ana dungu lake, mimi langu, tunataniana kutoka juu huko mpaka jua linazama.

Sasa nije kwenye kosa langu. Uliponiambia kwamba kwenye karatasi za huko unaandikwa Yasmini Dursun, niliumia. Kaka yangu Twalha yuko kaburini, hawezi kujisemea, nami nikaona umemfuta baba yako. Nikakutolea maneno makali. Kisha ile sauti uliyonitumia kwenye simu nikakaa nayo wiki tatu bila kuisikiliza. Hasira hasara, mwanangu.

Juzi niko dunguni, upweke ukanizidi, nikaifungua. Nikakusikia ukieleza alivyokusimulia mama mkwe wako, kwamba dursun kwa lugha yao ni kama kusema abaki, asiondoke. Babu mzaa babu yake Murat alitanguliwa na wanne, wote wakafa wachanga. Alipozaliwa yeye wakamwita Dursun, yaani huyu jamani abaki. Akabaki. Na serikali yao ilipoamuru kila nyumba ichukue jina la ukoo, miaka tisini hivi iliyopita, wao wakachukua la mzee huyo.

Nililia, Yasmini. Ndege wakashuka kwenye mpunga, mama yako akapiga kelele, "We Mwajabu, umekufa huko ama umelala?"

Kuna jambo hatujakusimulia, kwa kuwa halisemwi ovyo. Kabla yangu mimi, bibi yako, mama yangu, alizika watatu. Nilipozaliwa nilifungwa kanga kuukuu nikawekwa jalalani, pale wanapomwaga pumba na majivu. Jirani yetu Bi Mwanamina akapita kama hajui kitu, akaniokota, akasema mtoto ni wake. Bibi yako akaninunua kwake kwa pishi ya mchele, akanilea kama mtoto wa watu. Nikaitwa Jalala, ili kifo kikinitazama kinidharau. Hili la Mwajabu nilipewa baadaye, nilipoanza kutembea. Leo nina miaka sitini na minane, na bado nagombana na ndege.

Basi jina lenu si geni kwangu. Twalha angelijua maana yake angecheka, angesema hao Waturuki ni watani wetu. Nisamehe, mwanangu. Hukumfuta baba yako.

Najua unaogopa. Wawili waliotangulia hatujawasahau, na huyu wa sasa hukumtaja hata mara moja, ila hofu nimeisikia kwenye sauti yako. Mwenye kutoa na kutwaa ni Mungu. Lakini wazee nao walikuwa na yao, na kwa hayo yao mimi nikabaki.

Kwa hiyo nisikilize vizuri. Huyo wa tumboni nimeshamwokota mimi. Akizaliwa usiseme ni wako. Mtu akikuuliza, mwambie, "Huyu ni wa shangazi yangu wa Mbuchi, mimi nalea tu." Pishi ya mchele ya kumnunua utaniletea mwenyewe, siku ukija naye anatembea mbele yako kwa miguu yake.

Mama yako anakusalimu sana, na kanga za uzazi anazo tayari, amezificha asikuonyeshe mapema. Kaka yako Sufiani na mkewe Mwanaharusi nao wanakusalimu. Nisalimie Murat, na mama yake umshike mkono kwa niaba yangu. Mungu akufungue salama, akuache na mikono iliyojaa.

Wako akupendaye,
shangazi yako,
Jalala