Wanataka Nimzuie Mama Kumtaja Aliyemuua Baba

Chennai, tarehe 6 Mei. Ni mwaka wa tatu sasa tangu nitoke nyumbani Gujarat.

Dada Kumud wa ukurasa wa ushauri gazetini,

Shule niliishia darasa la tano, utanisamehe mwandiko, lakini nina jambo zito na huku ninakosugua marumaru hakuna wa kumweleza, wenzangu wametoka Bihar na Odisha na wakisikia habari za ghasia wanabadilisha mazungumzo.

Baba yangu aliuawa katika zile ghasia za Gujarat, Wahindu walipotuvamia sisi Waislamu, mlangoni kwetu, mama akiwa amejificha kwenye zizi la jirani, anaona kila kitu. Aliyeongoza kundi na kuwaonyesha nyumba yetu alikuwa mzee Bechar, mwenye mtambo wa kukamua mafuta, mtu aliyekuwa akimwita baba yangu ndugu yake mdogo na kutuletea mtungi wa mtindi kila kiangazi. Polisi wa kituo chetu walipomuuliza mama ni nani, alivuta mtandio akafunika uso, akasema ni baba mkwe wa nyumba ya mtambo. Unajua kwetu, Dada. Mwanamke aliyeolewa kijijini hatamki jina la mwanamume aliyemzidi mumewe umri, awe Mwislamu awe Mhindu, wote ni wakwe zake. Hata siku ile, damu ya mumewe haijakauka, ulimi ulikataa. Askari akacheka, "Mama, tangu lini Mhindu wa jamii ya Patel akawa mkwe wako?" Akaandika kwamba waliofanya ni kundi la watu wasiojulikana, faili likafungwa.

Miaka ikapita mpaka Mahakama ya Juu ya nchi ikakasirika, ikaamuru kesi kadhaa zifunguliwe upya, ikaunda timu maalumu ya wapelelezi inayotoa ripoti kwa majaji wenyewe na si kwa wakubwa wa jimbo. Tulifurahi kama watu walioona mvua. Timu ikafika kwenye yale makazi ya waathirika kando ya jaa la taka, ambako mama anaishi na mdogo wangu Sikandar, wakamhoji upya, naye akarudia yaleyale, baba mkwe wa nyumba ya mtambo. Mpelelezi akafunga kalamu yake akasema bila jina hana la kufanya, labda ajitahidi mbele ya hakimu, na siku ya kutoa ushahidi ni mwisho wa mwezi huu.

Hapo ndipo Kirit, mtoto wa mzee Bechar, alipoanza kunipigia simu kwa sauti laini. "Kaka Gulam, sisi ni kijiji kimoja. Mama amezeeka, watu wa haki za binadamu wamemfundisha maneno. Wewe ndiye mkubwa, weka sahihi hati ya kiapo useme hivyo, na mama umwambie apumzike. Mkifanya hivyo mnarudi nyumbani, paa tutaweka sisi, na msikiti tutaupaka rangi." Paa walilolichoma wao, Dada. Nilikata simu.

Lakini Sikandar ana watoto wanaokohoa moshi wa taka mchana kutwa, na yeye anasema niweke sahihi. Nilipomkatalia akanijibu, "Wewe ushujaa wako una harufu ya wali wa Chennai. Njoo unuse huku kwanza."

Basi nikampigia mama nikiwa nimeshaamua nusu kumwambia anyamaze, na kabla sijafungua mdomo akasema, "Gulam, najifunza. Nikiosha vyombo, najifunza." Halafu akalitamka. "Bechar." Taratibu, kama mtoto anayesoma ubaoni. Kisha akalia, akaniuliza kama baba angemruhusu.

Nilimwambia nitampigia tena. Sasa nakuuliza wewe, nimwambie aseme, waje kumdhuru na Sikandar abaki jaani, au nimwambie anyamaze? Mkataba wangu unaisha baada ya Idi ya kuchinja, ndipo natarajia kurudi.

Gulamnabi

*

Gulamnabi mdogo wangu,

Pole kwa baba yako. Pole yangu inaishia hapo, maana umenikera. Mama yako amevuka peke yake mto ambao wanawake wa kwetu hatuthubutu hata kuuchungulia, na wewe umekaa ng'ambo unauliza kama umrudishe.

Mimi ni Patel. Nimeolewa kijiji kama chenu, na mwaka wa thelathini huu sijatamka jina la baba mkwe wangu, hata alipolazwa hospitali na wauguzi wakaniuliza jina lake. Yule askari aliyecheka alijua fika. Mama yake naye hatamki. Alielewa kila neno, akaandika hajaelewa. Na huyo mpelelezi wa timu maalumu, aliyetumwa na Mahakama ya Juu, alishindwa kuuliza swali moja zaidi, kwamba kijijini kuna mitambo mingapi ya mafuta na ni ya nani?

Majaji hawaoni yanayopangwa barazani kwa Bechar. Wanakiona kinachofikishwa mbele yao, basi kifikisheni. Hati ya Kirit usiiguse. Mpe wakili wa hao watu wa haki za binadamu maneno yake yote, paa, rangi ya msikiti na sauti yake laini, ayapeleke kwa mahakama inayoisimamia timu, aombe mama apewe ulinzi kuanzia leo. Kumbadili shahidi kwa kumwahidi nyumba yake mwenyewe ni kosa, na usimamizi wa mahakama uliwekwa kwa sababu ya watu kama hao. Mwendesha mashtaka amuulize mama waziwazi kwa nini hakutaja jina mwanzoni. Wakitaka mwanamke wa Kipatel aeleze mila hiyo kizimbani, nitapanda mimi.

Sikandar usimtukane. Ana haki ya kuchoka. Ila mwambie kwamba mlango mtakaoingia kwa ruhusa ya Bechar, Bechar ataufunga tena siku atakayopenda.

Mama anauliza kama baba yako angemruhusu. Aliyebaki wa kumjibu ni wewe, na jibu hilo halipelekwi kwa simu. Idi ya kuchinja utaisherehekea ukiwa nyumbani. Mwambie msimamizi unaondoka wiki hii, panda treni, ukakae mstari wa mbele mahakamani, ili akiufunua mtandio kulitamka lile jina, uso wa kwanza atakaouona uwe wako.

Dada Kumud