Mswidi wa Mguu wa Kushoto

Mjukuu wangu Wekesa,

Pokea salamu za babu yako kutoka Doha. Mimi ni mzima, ila magoti yanalalamika. Nimefurahi kusikia mama yako amepona.

Unauliza kama uiache timu ya Kimilili, ambako wewe ni nahodha, uende Nakuru ukaanzie benchi. Mimi mpira siujui, kazi yangu ni kumwagilia nyasi za uwanja wa klabu moja ya hapa. Lakini nilipokuwa mgeni hapa, tulikuwa na mchezaji Mswidi. Alicheza kwao, kisha Uholanzi, ndipo akaja huku. Kila Jumatatu alisoma kwenye simu matokeo ya timu yake ya kwanza, timu ndogo ambayo wachezaji wake wenyewe hufukua theluji uwanjani kabla ya mazoezi.

Nikamuuliza kwa Kiingereza changu cha darasa la sita, "Bosi, ya huko bado yanakuhusu nini?"

Akacheka. "Mzee, huku wananijua kwa mguu wa kushoto. Kule wananijua mimi ni mtoto wa nani."

"Sasa mbona ulitoka?"

"Nilitaka kujua mguu wenyewe unafika wapi."

Baadaye goti liliharibika, akarudi kwao. Nasikia anafundisha watoto, na theluji anafukua.

Ningekuwa wewe, ningeenda Nakuru. Ila kila Jumapili uliza Kimilili wamecheza vipi, kisha uniandikie na mimi. Huku wananijua kwa namba ya kitambulisho, na ni siku nyingi sijauliza ya huko nyumbani.

Babu yako,
Simiyu