Ukurasa wa Pili Uko Chini ya Godoro

Mshauri wetu, nakuandikia kwa hasira, naomba unisaidie kabla sijavunja kitu. Mume wangu Wesonga ni fundi wa mawe hapa Nyamasaria, mgongo unamuuma miaka miwili sasa, kila asubuhi anameza tembe mbili za maumivu kabla ya chai, na mwezi uliopita akaanza kuchoka na kukataa chakula, ndipo dadake Naswa akaja kutoka Webuye na kutangaza kwamba ni mimi, ni mapishi yangu, "Samaki wa Asembo unawaogesha mafuta, chai unaimwagia sukari kama unapanda mahindi, ndugu yangu ana sukari, mjue tu!" na hakutosheka, akashinikiza Wesonga apimwe damu, kisha akaitisha kikao cha familia Jumapili baada ya kanisa ili majibu ya damu yasomwe mbele ya wote. Mimi ndiye niliyeyachukua hospitalini, kurasa mbili, ule wa kwanza ukasema sukari iko sawa kabisa, nikakaribia kucheza, lakini wa pili ulikuwa na nyota tatu pembeni, penye potasiamu, yurea na kreatinini, na daktari akaniambia, "Mama, mlete mzee kesho, usikose." Nikaukunja nikauweka chini ya godoro. Kwenye kikao nikasoma wa kwanza tu, kwa sauti ya mchungaji, Naswa akanyamaza mara ya kwanza tangu nimjue, kuku akachinjwa. Sasa ni wiki mbili, miguu ya Wesonga imevimba hadi viatu vya kazi haviingii, na Naswa anamnywesha majani ya kuchemsha aliyonunua Sondu, nikimpinga ananiuliza, "Si wewe ulitusomea kwamba ni mzima?" Nikiutoa ukurasa leo wataniambia nilitaka kumuua. Nifanye nini na huyu mwanamke?

Nasike, Nyamasaria

Nasike, nimesoma barua yako mara tatu nikitafuta mahali ulipouliza kuhusu figo za mume wako. Sijapaona. Nimepiga mara nne nambari ya simu uliyoandika nyuma ya bahasha, haishikwi, kwa hivyo nakugombeza hadharani.

Mimi si daktari. Ninachojua nimekiokota kwenye mabenchi ya kusubiri, nikisoma karatasi zangu na za jirani aliyesinzia. Kipimo hicho kina mistari minane. Sukari ni mmoja tu, ule mliouchinjia kuku. Mwingine ni kalsiamu. Minne ni chumvichumvi za damu, na potasiamu ni mmojawapo. Ikipanda sana, moyo hupoteza mwendo. Miwili iliyobaki, yurea na kreatinini, ni taka ambazo figo zinapaswa kuzitoa nje. Zikirundikana, huenda figo zimelemewa, huenda maji mwilini ni machache, huenda ni zile tembe za kila asubuhi. Ndiyo maana daktari alisema kesho: apime tena, ajue. Wewe ukailalia hiyo kesho wiki mbili, na mgonjwa mwenyewe amelala juu yake pamoja nawe.

Naswa alikuonea, sikatai. Mtu anayepima damu kwa kuchungulia sufuria anahitaji kunyamazishwa. Lakini ulimnyamazisha kwa gharama ya miguu ya Wesonga.

Sasa inuka. Mwonyeshe Wesonga ukurasa huo yeye kwanza, kabla ya dadake, umwambie ulikuwa wapi. Kisha hospitali, leo hii, si baada ya kikao. Tia kwenye mfuko kurasa zote mbili, pakiti za tembe na hayo majani ya Sondu. Asimeze tembe nyingine ya maumivu wala asinywe hata kikombe kimoja cha majani mpaka daktari aseme. Akikosa pumzi, akilegea au moyo ukipiga ovyo, msikae foleni, pigeni kelele mlangoni.

Na Naswa aje. Mpe abebe mfuko. Atakutukana kutoka Nyamasaria mpaka mlango wa daktari, na nusu ya matusi hayo ni halali yako. Usimjibu. Ukisimama kumjibu, mtachelewa.